Saa 48 za Kujitetea

Meneja anayeamini kwamba amemshika mwizi huwa na swali moja tu: kikao cha nini tena? Kamera imeona, mlinzi ameandika taarifa, na mtuhumiwa mwenyewe alibabaika alipoulizwa. Kumwandikia barua ya tuhuma, kumpa saa 48 za kujiandaa, kumtafutia mwenyekiti asiyehusika na kumruhusu aje na mwakilishi wa chama cha wafanyakazi kunaonekana kama kumbembeleza mtu ambaye hatia yake imekwisha kujulikana. Swali hilo si la kipuuzi, na mahali pazuri pa kulipima ni wilaya mbili za Mkoa wa Mara, Tarime na Serengeti, ambako ajira za mkataba rasmi ziko mikononi mwa waajiri wachache. Tarime ina mgodi wa dhahabu wa North Mara, pale Nyamongo, ulioanza uzalishaji 2002, ukapita kwa Placer Dome, Barrick, African Barrick Gold na Acacia, hadi Barrick walipourudisha kwao 2019 na serikali ikaingia kwa hisa za asilimia 16. Serengeti, yenye makao yake Mugumu, ina hifadhi ya taifa, mapori ya akiba ya Ikorongo na Grumeti, na hoteli na kambi za watalii zinazoishi kwa wanyama wa humo. Juu ya hayo, halmashauri zina walimu, wauguzi na watendaji wa vijiji. Anayefukuzwa katika mojawapo ya sehemu hizo hana mwajiri mwingine wa namna hiyo jirani, na tuhuma yake, iwe ya dhahabu, nyara au mafuta ya dizeli, hufika kijijini kabla yeye mwenyewe hajashuka kwenye basi.

Hoja ya sura hii ni kwamba kikao cha nidhamu kimewekwa kwanza kabisa kwa ajili ya kuujua ukweli, na heshima kwa mfanyakazi inafuata humo humo. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Na. 6 ya 2004, inamtaka mwajiri anayemwachisha mtu kazi athibitishe mambo mawili: kwamba alikuwa na sababu halali na ya haki, na kwamba alifuata utaratibu wa haki. Mzigo wa kuthibitisha ni wake, si wa mfanyakazi. Kanuni za Utendaji Bora, Tangazo la Serikali Na. 42 la 2007, zinaeleza utaratibu huo kwa undani: uchunguzi kwanza, tuhuma zielezwe kwa namna na kwa lugha ambayo mfanyakazi anaweza kuielewa, apewe muda wa kujiandaa usiopungua saa 48, asaidiwe na mwakilishi wa chama au mfanyakazi mwenzake, kikao kiongozwe na mtu wa ngazi ya juu ya kutosha ambaye hakuhusika na tukio, ushahidi utolewe mbele yake, aujibu, aulize maswali na kuita mashahidi, akipatikana na hatia asikilizwe kuhusu adhabu, kisha aambiwe sababu za uamuzi na haki yake ya kukata rufaa. Watu huisoma orodha hiyo kama masharti ya heshima tu. Mimi naisoma kama masharti ya ushahidi. Kila kipengele kinaziba tundu ambalo kosa la mwajiri lingepitia.

Chukua tukio la kawaida la sehemu yoyote yenye mitambo mizito. Dereva wa lori la mawe anafika getini saa kumi na mbili kasoro alfajiri kuingia shifti, anapuliza kipima ulevi, na taa nyekundu inawaka. Kanuni ya mgodi haina mjadala: ulevi kazini ni kufukuzwa. Hapa hatia inaonekana kuandikwa na mashine, na meneja anajiuliza kikao kitaongeza nini. Kitaongeza maswali ambayo hakuna aliyeyauliza getini. Kipima hicho kilikaguliwa lini mara ya mwisho? Alipimwa mara ya pili baada ya dakika kadhaa, au mara moja tu? Alikuwa amesukutua mdomo kwa dawa yenye spiriti, au amekunywa dawa ya kikohozi? Nani alisoma namba, nani aliandika, na ni namba ileile? Mwezi uliopita msimamizi aliyekutwa na kiwango kama hicho alirudishwa nyumbani akalale au alifukuzwa? Swali la mwisho halihusu mashine hata kidogo, lakini Kanuni za 2007 zinalitaka, kwa sababu amri inayotumika kwa dereva na kusahauliwa kwa msimamizi imekwisha kuwa kisingizio. Saa 48 zinampa dereva nafasi ya kulipata daftari la vipimo na kumpata mwenzake aliyekuwa nyuma yake kwenye foleni. Bila saa hizo, kikao kinasikia upande wa mashine tu. Na ikiwa barua ya tuhuma imeandikwa kwa Kiingereza cha ofisi wakati dereva anafikiri kwa Kikurya na Kiswahili, hata zile saa 48 zinakwisha akitafuta wa kumsomea.

Pingamizi la kwanza la mwajiri hapa ni usalama: huwezi kumwacha mtu unayemshuku ulevi aendeshe lori la tani nyingi kwa sababu tu kikao hakijakaa. Ni kweli, wala sheria haidai hivyo. Kanuni zinaruhusu mfanyakazi kusimamishwa kazi kwa malipo kamili wakati uchunguzi ukiendelea. Anayelalamika kwamba hilo ni gharama anasema kweli, lakini gharama ya siku chache za mshahara ndiyo bei ya kutokukosea katika jambo litakalomfuata mtu maisha yake yote. Pingamizi la pili ni la waajiri wadogo, wenye kambi ya mahema kumi na wafanyakazi kumi na watano karibu na lango la hifadhi, ambao hawana meneja wa pili wa kuongoza kikao. Hili lina uzito zaidi. Jibu lake lilitolewa mapema na Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, Mwanza, katika shauri la benki ya NBC, Marejeo Na. 79 ya 2009: kanuni hizo hazitakiwi kutumiwa kwa kuweka alama za vema moja moja, cha kuangalia ni kama misingi ya kusikilizwa kwa haki ilizingatiwa kulingana na hali ya wahusika, ili uamuzi wa kumwondoa mtu usiwe wa kubahatisha au wa hasira. Mwenye kambi ndogo anaweza kuomba mtu wa kampuni jirani aongoze kikao. Asichoweza ni kuwa mlalamikaji, shahidi na hakimu kwa pamoja.

Kwa nini basi kuwe na mtu mwingine wa kuangalia kikao hicho baadaye? Historia ya Tanzania yenyewe inatoa jibu. Chini ya Sheria ya Usalama wa Kazi ya 1964, aliyefukuzwa alipeleka shauri lake kwenye baraza la usuluhishi, na kutoka hapo kwa Waziri, ambaye uamuzi wake ulikuwa wa mwisho. Mahakama zilizuiwa kuingilia. Njia iliyobaki ilikuwa kuiomba Mahakama Kuu iupitie uamuzi wa Waziri na kuufuta kama ulikiuka haki ya asili, si kwa sababu haukuwa wa busara. Asiye na pa kusikilizwa hutafuta njia nyingine: Mwongozo wa TANU wa 1971 ulipolaani kiburi cha viongozi na mabosi, wafanyakazi katika viwanda kadhaa waliuchukua kama kibali cha kugomea mameneja. Sheria za 2004 zilijenga njia ya kawaida: siku 30 tangu kuachishwa kazi za kufungua shauri Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo kila mtu huiita CMA, usuluhishi kwanza, ukishindikana uamuzi wa mwamuzi, kisha wiki sita za kuomba Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, ifanye marejeo ya tuzo, na mwisho Mahakama ya Rufani, kwa hoja za sheria tu. Kwa watu wa Tarime na Serengeti, CMA iko Musoma.

Tofauti kati ya ngazi hizo ni muhimu kuliko zinavyoelezwa kwa kawaida. Mbele ya mwamuzi, mwajiri anathibitisha upya. Analeta mashahidi, wanaapishwa, wanahojiwa. Mwajiri anayefika na muhtasari wa kikao cha nidhamu tu, bila mlinzi aliyeona wala fundi aliyepima, amefika na karatasi inayosema kwamba watu wengine waliamini. Mbele ya jaji hakuna shahidi anayepanda kizimbani. Jaji anafungua jalada na kuuliza kama tuzo ilipatikana kwa njia chafu, kama ni kinyume cha sheria, au kama haina mantiki kulingana na ushahidi uliokuwapo. Ndiyo maana kilichoandikwa na kisichoandikwa kikaoni kinaishi muda mrefu kuliko kazi yenyewe.

Je, mwamuzi amheshimu mwajiri kwa sababu mwajiri ndiye anayeijua kazi yake? Swali hilo lilijibiwa vizuri nje ya mipaka yetu, katika mgodi pia. Mwaka 2007 Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini iliamua shauri la mlinzi wa migodi ya platinamu ya Rustenburg, aliyefukuzwa kwa kutowapekua watu ipasavyo walipotoka sehemu yenye madini ya thamani. Kamera zilikuwa zimemnasa. Msuluhishi alikubali kwamba alikosa, lakini akaona adhabu ni kali mno kwa mtu mwenye miaka mingi ya utumishi safi, akamrudisha kazini na onyo. Kampuni ilidai kwamba kupima uzito wa kosa ni haki ya mwajiri. Mahakama ilikataa: anayeamua kama kufukuzwa ni kwa haki ni yule aliyepewa kazi hiyo na sheria, naye aangalie pande zote mbili bila kuegemea kwa mwajiri, na jaji anayepitia uamuzi wake aulize tu kama ni uamuzi ambao mtu mwenye busara hangeweza kuufikia. Sheria yetu na kanuni zake zilichota sana kutoka Afrika Kusini, na mantiki hiyo inafaa Nyamongo kama inavyofaa Rustenburg. Mwenye dhahabu ana haki ya kuilinda. Kuilinda hakumpi haki ya kuwa wa mwisho kusema nani mwaminifu.

Pingamizi zito kuliko yote ni la mwizi anayelipwa. Ushahidi upo, ameiba kweli, ila mwenyekiti wa kikao alikuwa ndiye aliyemkamata. Basi utaratibu umevunjwa, na mwajiri anaamriwa alipe. Sheria ya 2004 ilivyotungwa iliweka fidia isiyopungua mishahara ya miezi 12 kwa aliyeachishwa isivyo haki. Vuka mpaka pale Sirari uingie Kenya, na miezi 12 hiyohiyo, chini ya Sheria ya Ajira ya 2007, ni kiwango cha juu kabisa. Upande mmoja wa lango la forodha ni sakafu, upande wa pili ni dari. Waajiri wa Tanzania walikuwa na haki ya kulalamika kwamba sakafu hiyo haitofautishi mtu aliyeonewa na mtu aliyekosa lakini akasikilizwa vibaya. Mahakama zilitofautisha zenyewe. Katika shauri la World Vision Tanzania lililotoka Bukoba, Rufaa ya Madai Na. 213 ya 2019, Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba pale sababu ya kumwachisha mtu ilipokuwa halali na kasoro ikawa ya utaratibu tu, fidia inaweza kuwa chini ya miezi 12. Naona huo ni msimamo sahihi, kwa sharti moja. Mwajiri asiruhusiwe kusema kwamba matokeo yangekuwa yaleyale hata kama utaratibu ungefuatwa, na hiyo ikawa kinga yake. Anayesema hivyo anategemea ushahidi uliokusanywa bila upande wa pili kuugusa, na kile ambacho upande wa pili ungekisema ndicho hasa ambacho hakipo jaladani. Kufidia kidogo ni sawa. Kutofidia kabisa kungeifanya saa ya kusikilizwa kuwa hisani.

Wizi wa dhahabu na ujangili unaleta tatizo jingine ambalo waajiri wengi wa wilaya hizi wanakutana nalo. Kifungu cha 37 cha Sheria ya 2004 kinakataza mwajiri kumpa adhabu ya kinidhamu mfanyakazi aliyeshtakiwa mahakamani kwa kosa la jinai ambalo kwa kiini ni lilelile, mpaka shauri limalizike pamoja na rufaa zake. Nia yake ni njema: mtu asilazimishwe kujitetea kazini kwa maneno ambayo kesho yatasomwa mahakamani dhidi yake. Lakini angalia kinavyofanya kazi. Mwajiri anayekwenda polisi anajifunga mikono kwa miaka. Anayemaliza nidhamu yake kimya kimya bila kumshtaki mtu anabaki huru. Hapo sheria inamzawadia asiyeripoti. Katika jambo la jinai ushahidi lazima usiache shaka ya maana, kazini inatosha kwamba jambo lina uwezekano mkubwa kuliko kinyume chake. Ni maswali mawili tofauti, na hakuna sababu ya msingi ya moja kusubiri jingine. Ningependa kifungu hicho kiandikwe upya ili kikao kiendelee, na maneno ya mfanyakazi kikaoni yasitumike dhidi yake kwenye kesi ya jinai.

Mpaka hapa nimezungumza kama vile wafanyakazi wote wa Tarime na Serengeti wanapita mlango mmoja. Hawapiti. Mpishi wa hoteli ya watalii na karani wa TANAPA, shirika la umma la hifadhi za taifa, katika lango la Ikoma wanaweza kupanda gari moja asubuhi, wakatuhumiwa kwa makosa yanayofanana, na sheria ikawatenga. Tangu marekebisho ya 2016, mtumishi wa umma anatakiwa kumaliza kwanza njia za Sheria ya Utumishi wa Umma kabla ya kugusa sheria za kazi. Na mwaka 2022, katika shauri la Shirika la Posta, Rufaa ya Madai Na. 12 ya 2022, Mahakama ya Rufani ilisema CMA haina mamlaka kabisa juu ya migogoro ya namna hiyo. Mwalimu wa Tarime anaanza Tume ya Utumishi wa Walimu, mtumishi mwingine Tume ya Utumishi wa Umma, wote rufaa yao ya mwisho inafika kwa Rais. Baada ya hapo unabaki mlango wa Mahakama Kuu kwa njia ya mapitio: aombe kibali ndani ya miezi 6, akikipata afungue maombi ndani ya siku 14, na jaji aangalie kama mamlaka ilivuka mipaka yake au ilimhukumu bila kumsikiliza. Hakuna mwamuzi huru atakayemwita shahidi wake tena. Mpishi amepewa nafasi mbili za kueleza ukweli wake, ya kwanza mbele ya mwajiri na ya pili mbele ya mgeni. Karani na mwalimu wana nafasi moja, na iko ndani ya utumishi uleule unaowatuhumu. Kwao kamati ya uchunguzi ikifanya kazi ovyo, ukweli haupati tena pa kusemwa. Jaji anaweza kuufuta uamuzi, hawezi kuusikiliza ushahidi. Serikali inayojitetea kwamba mfumo huu ni wa haraka na wa ndani ilipaswa kuwa makini maradufu na vikao vyake, kwa sababu ndivyo pekee vilivyopo.

Baada ya kuwatetea sana wanaodai utaratibu, sina budi kusema pale ambapo mahakama zenyewe zimeupotosha. Katika mashauri kadhaa, likiwemo la shule ya kimataifa ya Iringa, Rufaa ya Madai Na. 155 ya 2019, na la chuo kikuu cha afya cha Bugando, Mwanza, Na. 257 ya 2020, Mahakama ya Rufani iligundua kwamba mashahidi walitoa ushahidi mbele ya CMA bila kuapishwa. Mwenendo wote ukafutwa. Kisheria, hoja ipo: kanuni zinataka kiapo, na kiapo kina kazi katika kupata ukweli. Lakini kosa hilo ni la mwamuzi, mtumishi wa taasisi ya serikali, na anayelilipia ni mfanyakazi aliyeachishwa miaka mingi iliyopita, ambaye sasa anatakiwa kuwatafuta upya mashahidi waliokwisha kuhamia Geita au Kahama, na mwajiri ambaye meneja wake wa siku zile hayupo tena nchini. Utaratibu uliowekwa ili ushahidi uwe imara umeishia kuutawanya ushahidi. Hivyo ndivyo ilivyokuwa pia kwa mashauri ya watumishi wa umma yaliyofunguliwa kabla ya 2022, yakafika ngazi ya juu na kuambiwa kwamba tangu siku ya kwanza yalikuwa kwenye mlango usio wao.

Kipimo changu ni kilekile nilichomwekea meneja. Kasoro iliyomnyima mtu nafasi ya kujibu, kumhoji shahidi au kusikilizwa na asiyehusika inagusa ukweli wenyewe, nayo ifute uamuzi bila huruma. Kasoro ambayo pande zote zilikuwapo, hakuna aliyelalamika, na ushahidi ulihojiwa mpaka mwisho, irekebishwe bila kuirudisha safari nzima mwanzo. Bunge linaweza kuandika hilo kwa sentensi moja katika sheria ya 2004.

Wakati hilo halijafanyika, aliyeachishwa kazi mgodini au hotelini asihesabu siku za kusubiri majibu ya barua alizoandika kwa meneja. Fomu Na. 1 ya CMA inatakiwa iwe imefika Musoma ndani ya siku 30 tangu kuachishwa. Atakayechelewa itabidi kwanza aombe kuongezewa muda na aeleze kila siku iliyopita. Aidai nakala ya muhtasari wa kikao chake kwa maandishi, akiwa bado ana wenzake wa kumshuhudia kwamba aliidai.